Ofisi ya mbunge aliyetoka kwenye harakati: upeleke nini, utegemee nini

Tunaipima hapa ofisi moja ya jimbo huku kusini mwa Tanzania, ya mbunge aliyeanzia kwenye msaada wa kisheria na utetezi wa wakulima kabla ya kugombea. Jina la jimbo tunaliacha, maana mengi ya haya yanazihusu ofisi kadhaa kuanzia Kilwa hadi Nanyumbu. Siasa za chama hazimo. Swali ni huduma: mwananchi kafika na shida yake, anatoka na nini?

Ofisi yenyewe ni chumba kimoja chenye kibaraza na benchi. Mbunge mwenyewe usimtarajie, hasa kuanzia Aprili hadi mwisho wa Juni, bajeti inapokuwa Dodoma. Anayekupokea ni katibu wa mbunge, na hapo ndipo malezi ya harakati yanapoonekana. Mezani pana daftari kubwa lililopigwa mistari kwa rula: tarehe, jina, kijiji na kata, shida, vielelezo vilivyoletwa, barua imekwenda kwa nani, majibu yamekuja lini. Kila shauri lina namba, nawe unaandikiwa namba hiyo kwenye kipande cha karatasi uondoke nayo. Kwingine wanajaza safu nne za mwanzo tu, basi, kwa hiyo barua ikikaliwa na mkubwa hakuna anayejua imekaliwa siku ngapi. Kwa daftari hilo peke yake ofisi hii inastahili sifa.

Kasoro iko safu ya mwisho: ina mapengo mengi. Katibu ni mmoja, kata ni nyingi, na mbunge akiwa ziarani katibu huwa naye. Mlango hufungwa bila hata tangazo, na mtu aliyelipa nauli ya bodaboda kutoka kijijini anarudi mikono mitupu. Ni kosa linalorekebishika kwa karatasi moja mlangoni yenye siku za kufunguliwa na namba ya simu.

Kuanzia Oktoba mashauri mengi ni ya malipo ya korosho. Mkulima kapeleka mzigo AMCOS, yaani chama cha msingi cha ushirika, mnada umepita, wenzake wamelipwa, akaunti yake kavu. Mara nyingi chanzo ni jina: daftari la chama limeandika Hamisi, benki inamjua Hamis. Au akaunti imelala tangu msimu uliopita. Hapo mbunge hahitajiki. Beba risiti ya mizani inayoonyesha kilo, daraja na tarehe, pamoja na namba ya akaunti na kitambulisho, uanze na karani wa AMCOS. Ukikwama panda chama kikuu cha ushirika: TANECU kwa Tandahimba na Newala, MAMCU kwa Masasi, Nanyumbu na Mtwara, RUNALI kwa Ruangwa, Nachingwea na Liwale, Lindi Mwambao kwa upande wa pwani ya Lindi.

Ofisi ya mbunge inafaa pale shauri linapokuwa la wengi: kilo za chama kizima zimepungua njiani kati ya ghala la kijiji na ghala kuu, au limezuka kato ambalo mkutano mkuu haukulipitisha. Lete muhtasari wa mkutano mkuu na orodha ya wakulima pamoja na nakala za risiti zao. Katibu huyu anajua kuusoma muhtasari, na hatakubali barua iliyojaa malalamiko bila tarakimu hata moja. Wako wanaomwona mkali. Sisi tunaona anawasaidia, kwa sababu barua ya aina hiyo ikifika kwa mrajisi wa vyama vya ushirika au kwa Bodi ya Korosho inawekwa kando.

Vivyo hivyo kwa mashamba yaliyoharibiwa na tembo. Wakulima wa Liwale na Nachingwea wanalijua hili vizuri: kifuta jasho, yaani malipo ya serikali kwa hasara hiyo, hukokotolewa kwa ekari zilizoharibiwa na umbali wa shamba kutoka hifadhini. Ofisa wa wanyamapori asipofika kupima mapema, mvua ikanyesha na nyayo zikafutika, mbunge hana cha kutetea. Toa taarifa kwa mtendaji wa kijiji siku hiyo hiyo, na uombe nakala yenye mhuri.

Maji na barabara ndipo muda mwingi unapopotea, kwa kuwa barua hupelekwa pasipo. Maji ya vijijini ni RUWASA. Barabara za vijijini na mitaa ni TARURA, barabara kuu na za mkoa ni TANROADS. Ile ya Mtwara, Newala hadi Masasi, kilomita 210, ni ya TANROADS, na hakuna mfuko wa jimbo unaoweza kuijenga. Kwa jambo la ukubwa huo, silaha za mbunge ziko bungeni: swali la msingi lenye nafasi ya maswali mawili ya nyongeza, na wakati wa bajeti kushika shilingi, yaani kuzuia kwa muda mshahara wa waziri usipite, mpaka apate maelezo. Ukiambiwa "tumelisemea", omba tarehe. Taarifa Rasmi za Majadiliano zinasomeka kwenye tovuti ya Bunge. Tafuta siku hiyo usome waziri alijibu nini hasa.

Kusemea nako kuna mwisho wake. Mwaka 2018 wabunge wa kusini walipinga kwa nguvu zote ushuru wa korosho zinazouzwa nje usihamishiwe wote mfuko mkuu wa serikali. Kabla ya hapo asilimia 65 ilikuwa ikirudi kuendeleza zao. Hoja zao zilikuwa nzito, lakini kura hazikutosha.

Kuhusu Mfuko wa Kuchochea Maendeleo ya Jimbo, ulioanzishwa kwa sheria ya mwaka 2009, ofisi hii inaueleza vizuri kuliko nyingi. Mbunge ni mwenyekiti wa kamati, ila fedha zinakaa kwenye akaunti ya halmashauri. Mgao wa majimbo ni asilimia 25 kwa usawa, 45 kwa idadi ya watu, 20 kwa kiwango cha umaskini na 10 kwa ukubwa wa eneo. Ni chachu: kijiji kikiwa na boma la darasa limefika usawa wa lenta, pamoja na muhtasari wa mkutano mkuu wa kijiji, kina hoja. Kijiji kinacholeta wazo tupu hurudishwa. Tunachokitaka, na bado hakijafanyika, ni orodha ya miradi iliyopata na iliyokosa kubandikwa nje ya ofisi. Mwanaharakati aliyewahi kudai mapato na matumizi yasomwe hadharani asingoje kukumbushwa.

Safari hii ya kutoka harakati hadi bungeni ina mitego yake popote. Zohran Mamdani, mzaliwa wa Kampala, alikuwa akizishauri familia zilizokaribia kunyang'anywa nyumba huko Queens, jijini New York, kisha mwaka 2020 akachaguliwa kuingia bunge la jimbo la New York. Mwaka 2021 aligoma kula siku 15 pamoja na madereva wa teksi waliolemewa na madeni, na madeni yakapunguzwa. Alipigania pia mabasi ya bure. Mwaka 2023 njia tano zikaanza kwa majaribio. Bajeti iliyofuata haikuyaendeleza, nauli ikarudi. Katibu wa mbunge wa huku anaelewa jambo hilo: anauliza kila mradi fedha zake ziko kifungu gani na cha mwaka upi, kabla hajaruhusu mbunge auahidi jukwaani.

Kupokea shauri tunawapa 4 kati ya 5, kurudisha majibu 2. Nenda mapema asubuhi, piga simu kwanza, beba nakala na ubaki na karatasi halisi, na usiinuke kwenye benchi kabla hujapewa namba ya shauri.