Tamthilia za Kim Young-hyun: uzoefu wangu na kazi zake nne

Kim Young-hyun ni mwandishi wa tamthilia za Kikorea. Kwanza niseme, Jumong, tamthilia ya Kikorea ambayo huenda ukadhani ni yake, si yake. Ile ni ya Choi Wan-kyu na Jung Hyung-soo.

Ukitaka kumjua Kim Young-hyun, anza na Dae Jang Geum (kituo cha TV cha MBC, 2003, sehemu 54), na usiruke utoto wa Jang-geum. Wasichana wa jikoni ikulu wanaulizwa nyama imekolezwa utamu kwa kitu gani. Wenzake wanasema sukari. Yeye anasema hongsi, lile tunda linaloiva mpaka likawa laini. Anaulizwa: umejuaje? Anajibu: nimeonja hongsi, basi nikasema hongsi. Baadaye Bibi Han, mwalimu wake wa jikoni, anamtuma maji, akiletewa anayakataa, mara nyingi, hadi mtoto anajifunza kuuliza kwanza: tumbo linauma? Umepata choo? Koo je? Ndipo analeta maji ya uvuguvugu yenye chumvi kidogo, yanywewe taratibu. Nusu ya pili Jang-geum anakuwa tabibu, na maswali yale yale anawauliza wagonjwa. Sijaona mwandishi anayejenga mhusika kwa kazi ya mikono kama huyu.

Queen Seondeok (2009, sehemu 62) aliandika na Park Sang-yeon. Mishil, mpinzani mkuu wa Seondeok, aliyeigizwa na Ko Hyun-jung, anakufa sehemu ya 50. Ndipo ilipopangwa kuishia, zikaongezwa 12. Bidam, mwanawe Mishil, anajitahidi kuziba pengo, lakini mvutano umeshalegea. Mwenye haraka aishie hapo 50.

Tree with Deep Roots (kituo cha SBS, 2011, sehemu 24) ndiyo bora kwangu. Mfalme Sejong anatunga herufi 28 ili mkulima naye asome, na wasomi wanapinga kufa na kupona. Usiitazame iliyotafsiriwa na DJ: mabishano ndiyo uhondo wenyewe, na DJ lazima afupishe. Sejong wa Han Suk-kyu pia anatukana matusi ya mtaani; maandishi ya chini yakiwa na adabu mno, tafuta tafsiri nyingine.

Six Flying Dragons (2015, sehemu 50) inarudi nyuma kabla ya Sejong, dola ya Goryeo ikianguka na ya Joseon ikizaliwa mwaka 1392. Itazame mwisho hata hivyo, maana mabingwa wa upanga Moo-hyul na Lee Bang-ji, uliowaona wakiwa watu wazima katika Tree with Deep Roots, utawakuta vijana. Wengi wanaachia njiani sehemu za mwanzo kwa sababu ya majina: msomi Jeong Do-jeon akiitwa Sambong ni yule yule, na Lee Bang-won ndiye atakayekuwa Mfalme Taejong, baba yake Sejong. Yaandike pembeni kabla hujawasha.