Jerez: shamba la farasi au shule ya farasi?

Ukifika Jerez de la Frontera, kusini mwa Hispania, na una nafasi ya sehemu moja tu, mimi ningekupeleka Yeguada de la Cartuja.

Hili ni shamba la kuzalisha farasi, nje kidogo ya mji. Ukoo wa farasi wake unatokana na farasi waliofugwa na watawa Wakartusi, shirika la Kikatoliki, na chapa ya farasi hao ina umbo la lijamu. Kwa kawaida wageni hupokewa Jumamosi asubuhi. Unapita mabandani, unawaona majike na watoto wao. Usishangae mtoto mweusi kunyonya kwa mama mweupe: wengi huzaliwa na rangi ya giza, kisha hugeuka weupe kadiri miaka inavyokwenda. Kinachonasa macho zaidi ni kundi la majike waliofungwa pamoja shingoni kwa mikanda yenye kengele, wakikimbia bega kwa bega na kugeuka kwa amri ya mtu mmoja. Vaa viatu vya kufunika, vumbi lipo.

Real Escuela, shule ya sanaa ya kupanda farasi iliyoanzishwa 1973 na Álvaro Domecq Romero, iko mjini. Hapo unakaa kitini: muziki, mavazi ya kale, farasi waliofunzwa wakienda kama wanacheza ngoma. Ni maridadi kweli, ila kupiga picha wakati wa onyesho hakuruhusiwi. Kama huna gari, au Jumamosi haikukuti Jerez, chagua hii. Na kwa vyovyote, kata tiketi mapema.