Uzio wa mbao wa kunasa mchanga na magogo ya makumbi: kipi kinafanya kazi na wapi mtu anapigwa

Habari zenu wadau wa pwani. Watu wengi wanauliza kuhusu hizi bidhaa mbili na wanaowajibu ni wauzaji tu, kwa hiyo naandika kama mtu ambaye nimezibeba begani, nimezipigilia na nimekaa nazo misimu kadhaa pamoja na kikundi chetu cha kujitolea. Ya kwanza ni uzio wa kunasa mchanga, ule wa fito nyembamba zilizofungwa kwa waya, unaletwa umeviringishwa. Ya pili ni magogo ya makumbi ya nazi, yale ya mviringo yanayolazwa ukingoni mwa vinamasi vya chumvi ili tope lisimegwe na mawimbi. Msimamo wangu nautoa mapema: vyote viwili vinafaa, ila kazi yake ni kushikilia nafasi mpaka mmea ushike, ukinunua bila kujua utaotesha nini umetupa hela.

Tuanze na uzio. Mchanga wa ufukweni haupai kama vumbi, chembe zinarukaruka chini chini, nyingi hazifiki hata gotini, na kila inayotua inagonga zingine nazo zinaruka. Uzio unalegeza upepo hapo hapo chini, na upepo ukilegea unaangusha mzigo wake. Sasa watu wanachokosea dukani ni kudhani uliozibwa vizuri ndo bora, hapana jamani, ukiziba kabisa upepo unazunguka kwa fujo na kuchimba mchanga chini ya uzio badala ya kuurundika. Unaotakiwa ni nusu fito nusu uwazi, asilimia 50 hivi, kimo kama mita 1.2. Huu niliotumia uko hivyo hivyo, nafasi kati ya fito inalingana na upana wa fito yenyewe, na kwa hilo sina neno, unafanya kazi. Mwanzoni unaona kijituta kidogo tu nyuma yake, laini, unaweza kudhani ni upepo wa siku moja, halafu dhoruba ikipita unarudi unakuta fito zimezama mpaka katikati. Ukishajaa basi kazi yake imeisha, haunasi tena, aidha unasimamisha mwingine juu ya tuta au mimea inachukua zamu.

Ninachoulaumu ni waya. Chumvi ya bahari haina huruma, waya wa kawaida unashika kutu na kukatika kabla hata mbao haijachoka, halafu fito zinatawanyika ufukweni zikiwa na ncha za waya, watu wanatembea pekupeku pale. Ulizia uliopakwa zinki, na muuzaji asiyejua tofauti achana naye. Pia usiusimamishe karibu na mstari ambao maji ya bamvua, yale yanayojaa kupita kawaida, yanafika, ukikutana na bamvua pamoja na dhoruba unaondoka wote. Na kuna hii ya wavu wa plastiki wa rangi ya chungwa, inauzwa rahisi na ni nyepesi kubeba, mimi siishauri kwa mtu yeyote, jua likishauchosha unakatika vipande na vipande vinaingia baharini, yaani unalinda pwani kwa kuichafua.

Jambo la kasa halipo kwenye karatasi ya maelekezo na lingepaswa kuwepo. Ukivuta uzio mmoja mrefu ulionyooka, kasa jike anayepanda usiku kutaga anagonga mbao na kugeuka, na watoto wakitoka mayaini nao wanakwama. Kule Florida, Marekani, mwongozo wao unataka vipande vifupi vya kama mita 3, vilazwe kimshazari, na kati ya kipande na kipande uwazi wa mita 2 au zaidi kidogo. Mchanga unanaswa vizuri tu hata hivyo. Sehemu yoyote yenye kasa fanya hivi hata kama hakuna anayekulazimisha.

Halafu mimea, ambayo kwangu ndo bidhaa yenyewe. Mimea ya matuta ya mchanga inapenda kufukiwa, na hili ndo linanifanya niipende kuliko mimea mingine yote. Nyasi ya Ammophila arenaria ya pwani za Ulaya ikifukiwa inarefusha shina na kutoa mizizi mipya juu zaidi, inaweza kupanda hadi karibu mita nzima kwa mwaka, na usipoifukia kabisa inadhoofika. Nchi za joto kuna ule mmea wa kutambaa wenye maua ya zambarau na jani lililogawanyika mbele, Ipomoea pes-caprae, unashuka kutoka kwenye tuta kuelekea majini na kushona mchanga wote chini yake. Otesha wa kwenu, tafadhali sana. Pwani ya magharibi ya Marekani walileta hiyo Ammophila ya Ulaya ili kutuliza mchanga, ikatuliza kupita kiasi, matuta yakawa marefu na magumu, mimea ya asili ikakosa nafasi na ndege wadogo wanaotaga kwenye mchanga mtupu wakakosa pa kutagia, sasa wanatumia nguvu nyingi kuing'oa. Tuta zuri sio lililogandishwa, linatakiwa lisogee kidogo, litoe mchanga kwa ufukwe wakati wa dhoruba na kurudishiwa baadaye.

Na kabla hujanunua chochote acheni kufagia mwani uliosukumwa juu. Ile mistari ya mwani mkavu ndo uzio wa bure, mchanga unakusanyika nyuma yake, mbegu zinashika humo, kituta kinaanza. Sehemu ambazo mashine zinasafisha ufukwe kila asubuhi hakianzi kitu.

Sasa magogo ya makumbi. Kinamasi cha chumvi, kwa asiyekijua, ni ile ardhi ya tope inayofunikwa maji yakijaa na kubaki wazi yakipwa, imeota nyasi na mimea mifupi inayovumilia chumvi, mara nyingi nchi za baridi kidogo ambako mikoko haistahimili. Inama uangalie jani la nyasi ya Spartina siku ya jua, utaona chembe nyeupe zimeganda juu yake, ni chumvi, mmea umeitoa wenyewe kupitia kwenye jani. Ukikanyaga tope likapasuka linatoa harufu ya mayai viza na watu wanasema pachafu, kumbe ndo ushahidi kwamba chini hakuna hewa, mizizi iliyokufa haiozi haraka na kaboni inabaki imefukiwa humo kwa mamia ya miaka. Ukingo ukimegwa, kaboni nayo inaondoka.

Na hii habari kwamba kinamasi kinavunja mawimbi imepimwa. Mwaka 2014 watafiti walichapisha kazi ambayo walikata vipande vya kinamasi halisi, wakavipanga kwenye mfereji wa kutengenezea mawimbi huko Hannover, Ujerumani, mfereji wenye zaidi ya mita 300, wakavipiga kwa mawimbi ya dhoruba. Kwenye mita 40 tu za kinamasi mawimbi yalipungua, na hadi asilimia 60 ya upungufu huo ulitokana na mimea yenyewe. Nyasi zingine zilivunjika lakini udongo ulibaki mahali pake.

Gogo lenyewe lina kipenyo cha kama sentimita 30, unalilaza mbele ya ukingo unaomegeka na kulibana kwa vigingi pande zote mbili. Maji ya tope yanapita katikati ya nyuzi, nyuma yake yanatulia, tope linazama, mimea inapata pa kushika. Makumbi yanavumilia maji chumvi kuliko karibu nyuzi zote za mimea, miaka 2 hadi 5 hivi, inategemea mawimbi, na yakioza hayaachi kitu. Hapo ndo nina ugomvi na muuzaji wangu, simtaji, aliandika ni asili asilimia 100. Magogo yalipofika nikakata kipande cha wavu wa nje nikakichoma kwa kiberiti, kikayeyuka na kudondoka matone meusi, plastiki tupu. Uzi wa makumbi ukiuchoma unabaki majivu. Fanyeni jaribio hili kabla hamjasaini kupokea, maana yale makumbi ya ndani yakishaoza wavu unabaki peke yake kwenye tope na kaa wananasa humo.

Msizibe vihori. Vile vijia vya maji vinavyojipinda ndani ya kinamasi ndo njia ya samaki wadogo kuingia kula maji yakijaa, na ndo njia ya maji kutoka, ukiziba kwa gogo maji yanatuama na nyasi inakufa kwa kuzama. Na kama nyuma ya kinamasi kuna ukuta wa zege, gogo halitakiokoa, bahari inapanda na kinamasi hakina pa kurudi nyuma. Kule Wallasea, Essex, Uingereza, walichukua tani zaidi ya milioni 3 za udongo uliochimbwa kwenye mahandaki ya reli ya London, wakainua ardhi, na 2015 wakavunja ukuta wa zamani ili bahari iingie. Natamani sana wenye mamlaka sehemu nyingi zaidi wangekuwa na ujasiri huo.

Spartina nayo ni ile ile hadithi ya kupanda ya kwenu, China walileta Spartina alterniflora 1979 kulinda pwani ikaenea mpaka ikameza tope ambalo ndege wa pwani walikuwa wanalishia.

Nyota: uzio wa fito naupa 4 kati ya 5, moja nimeikata kwa ajili ya waya. Magogo yenye wavu wa plastiki 2, yenye wavu wa kamba za makumbi 5 bila kusita, ingawa ni mazito sana yakilowa kwa hiyo yalazeni maji yakiwa yamepwa na mkiwa wengi. Vigingi chukueni vya mbao isiyopakwa dawa, virefu vya kufika kwenye tope gumu, vile vifupi vinavyokuja bure na mzigo vinang'oka bamvua ya kwanza tu.