Once Brothers: Vlade Divac Akisimulia Maisha Yake Mwenyewe

Nimeitazama filamu ya makala Once Brothers zaidi ya mara moja, na ninaamini kwamba kwa mtu anayetaka kumwelewa Vlade Divac, mchezaji wa zamani wa mpira wa kikapu, hakuna mahali pazuri zaidi pa kuanzia, ingawa ni lazima aitazame kwa makini kwa sababu msimulizi wake ni Divac mwenyewe. Ilirushwa na kituo cha ESPN mwaka 2010 katika mfululizo wa 30 for 30, na urefu wake haufiki saa moja na nusu.

Kiini chake ni urafiki wa Divac, Mserbia aliyezaliwa Prijepolje mwaka 1968, na Dražen Petrović, Mkroatia kutoka Šibenik. Walichezea pamoja timu ya taifa ya Yugoslavia, na mwaka 1989 wote wawili wakavuka bahari kwenda NBA, ligi ya kulipwa ya mpira wa kikapu ya Marekani: Petrović alijiunga na timu ya Portland akaishia kukaa benchi, na Divac alikwenda Los Angeles Lakers, timu iliyokuwa imeagana na nyota wake Kareem Abdul-Jabbar mwaka huohuo. Sehemu inayoonyesha jinsi vijana hao walivyotegemeana kwa simu, wakiwa ugenini na lugha bado inawatatiza, imepangwa kwa ustadi mkubwa, kwa kuwa inamfanya mtazamaji aupende urafiki huo kabla hajauona ukivunjika.

Ulianza kuvunjika Buenos Aires mwaka 1990. Yugoslavia ilikuwa imetoka kuufunga Umoja wa Kisovyeti katika fainali ya Kombe la Dunia, watu wakaingia uwanjani kushangilia, na mmoja wao alikuwa na bendera ya Kroatia, iliyokuwa bado sehemu ya Yugoslavia. Divac akamnyang'anya. Katika filamu anaeleza kwamba kwake ushindi ule ulikuwa wa Yugoslavia nzima, na mimi namwamini kuhusu nia yake. Lakini kitendo hicho kilimfanya shujaa kwa Waserbia na adui kwa Wakroatia, vita vya kuvunjika kwa Yugoslavia vikafuata, na Petrović akaacha kuzungumza naye. Tarehe 7 Juni 1993 Petrović alifariki katika ajali ya gari nchini Ujerumani, akiwa na umri wa miaka 28, kabla hawajapatana.

Hapo ndipo udhaifu wa filamu unapoonekana. Upande mmoja wa ugomvi umebaki hai na ndio unaoshika kipaza sauti, ilhali upande wa pili hauna tena uwezo wa kujibu. Waandaaji walijitahidi kupunguza pengo hilo kwa kuwahoji Toni Kukoč na Dino Rađa, Wakroatia waliocheza na wote wawili, na kwa kumpeleka Divac Zagreb akaonane na mama yake Petrović na kaka yake. Mazungumzo hayo na familia ndiyo sehemu bora kuliko zote, kwa sababu Divac anaacha kujieleza na kuanza kusikiliza. Ningefurahi kama yangepewa dakika nyingi zaidi.

Kuhusu mchezo wake, filamu inapita haraka mno. Mtu asiyemjua hatapata picha kamili ya senta (mchezaji mrefu wa karibu na kikapu) mwenye urefu wa mita 2.16 aliyetoa pasi kama mlinzi (guard), yaani mchezaji mfupi anayepanga mashambulizi, jambo ambalo NBA ya miaka ile haikulizoea kwa watu wa kimo chake. Mwaka 1996 Lakers walimtoa kwa timu ya Charlotte ili wampate kijana aliyeitwa Kobe Bryant, na Divac alifikiria kustaafu kuliko kuhama. Baadaye, akiwa Sacramento Kings pamoja na Chris Webber na Peja Stojaković, alicheza mpira wa kikapu mtamu kuutazama. Msimu wa 2001/02 timu hiyo ilishinda michezo 61, kisha ikatolewa na Lakers katika mchezo wa saba wa fainali ya Kanda ya Magharibi. Aliingizwa katika Ukumbi wa Umaarufu wa mpira wa kikapu mwaka 2019.

Kwa kuwa ilitengenezwa mwaka 2010, filamu haigusi kabisa kazi yake ya uongozi Sacramento, aliyoianza mwaka 2015 na kuiacha mwaka 2020. Akiwa meneja mkuu alimtoa mchezaji DeMarcus Cousins kwa kubadilishana na timu nyingine, akamchagua chipukizi De'Aaron Fox, na mwaka 2018, akiwa na nafasi ya pili katika uteuzi wa wachezaji wapya, alimchukua Marvin Bagley na kumwacha Luka Dončić wa Slovenia. Nimeshindwa kuuelewa uamuzi huo hadi leo, hasa ukitoka kwa mtu aliyelelewa na mpira wa kikapu wa Balkani na aliyejua vizuri kuliko mameneja wengi uzito wa kile ambacho Dončić alikuwa amekwisha kukifanya Ulaya akiwa na Real Madrid. Sehemu hiyo ya maisha yake bado inastahili filamu, na safari hiyo ningependa usimulizi apewe mtu mwingine, ili Divac akae upande wa kuulizwa.