Jina la baba au jina la ukoo, lipi bora?

Kule Iceland watu wengi hawana jina la ukoo kabisa, Jón akipata mtoto wa kiume anaitwa Jónsson na wa kike Jónsdóttir, kwahiyo kaka na dada wa tumbo moja majina yao ya mwisho hayafanani na hata mama akiolewa habadilishi kitu, hapo ndo wamenikosha kwa kweli. Uturuki wao 1934 walipitisha sheria kila familia ichague jina moja la kudumu, Mustafa Kemal, rais wao wa kwanza, akapewa jina Atatürk na bunge. La kudumu linasaidia sana ukitafuta mababu kwenye rekodi. Ila mi nachagua la Iceland, mtoto anabeba jina la mzazi wake mwenyewe sio la mtu aliyekufa zamaaani, na wapo wanaotumia la mama pia.