TAHADHARI: Fundi wa "dawa ya kushikisha zege", Kimara na Mbezi

Wakuu, kuna fundi anapita huku Kimara na Mbezi, Dar, na dumu la lita 5 lisilo na lebo. Akiona jamvi lako (sakafu ya zege) limepasuka anakwambia usihangaike kuvunja: anapaka "dawa", anamwaga zege jipya juu, siku moja kazi imeisha. Mimi nimeshalizwa.

Jamvi langu ni la kuegeshea gari, lilipigwa niru (saruji ya kulainisha juu), lina nyufa mbili na doa la oili. Nikamuuliza, huligongi kwa patasi kwanza? Akacheka. "Bosi, dawa hii inashika hata kwenye vigae." Dumu moja 45,000, nikanunua mawili (ndiyo, mawili). Akafagia kidogo, akapaka majimaji meupe yanayonuka gundi ya mbao, akamwaga zege la sentimita 3 saa saba mchana, jua la Januari. Nilipouliza habari ya kumwagilia, eti dawa inatunza unyevu.

Wiki ya tatu nikaligonga kwa mpini wa nyundo, likalia kama debe. Nyufa zilezile zimepanda juu, mahali palepale. Pale tairi linapokanyaga pembeni likabanduka bamba zima. Nikaligeuza: chini laini kama sahani, na doa la oili limejichora.

Mzee mmoja fundi ndiye aliyenifungua macho. Gundi ya kawaida ya mbao ikikutana na maji inalainika tena, kwa hiyo nje haifai kabisa. Dawa za kweli zipo madukani, kopo lina jina na maelekezo, lakini hata hizo juu ya niru na vumbi ni kazi bure. Niru igongwe kwa patasi mpaka kokoto zionekane, oili itolewe, vumbi lioshwe, jamvi liloweshwe bila kuacha madimbwi. Halafu uji wa saruji usuguliwe kwa brashi, na zege limwagwe kabla uji haujakauka. Baada ya hapo ni kumwagilia, siku 7 angalau. Kama chini kumetitia na ufa unacheza, vunja tu, au tandika nailoni, weka BRC (wavu wa chuma), umwage zege la sentimita 10 lisilotegemea kushikana na la zamani.

Yule wa dumu simu yangu hapokei tena. Leo vibarua wanabandua. Nimekodi mitaimbo ya nini sijui, koleo tu linatosha.