TAHADHARI: Muuza AC za "inveta" anayezunguka Nyegezi na Buhongwa

Ndugu zangu wa Mwanza, kuna jamaa anapita nyumba kwa nyumba na kirikuu kilichopakia viyoyozi. Mwezi uliopita alifika kwangu, kanipiga 1,350,000.

Nyumba yangu iko juu ya mawe. Wenzangu wa milimani mnajua, jua likishayapiga mchana, chumba hakipoi mpaka usiku wa manane. Mama yangu mzazi ana presha na analala chumba hicho, kwa hiyo AC kwetu si anasa. Ya zamani ilikuwa inamaliza LUKU, nikataka kubadilisha.

Angalieni alivyonihesabia. Kwenye kibandiko cha AC yangu alinionyesha 12,000, kwenye yake 3,500. "Mama, yako inakula elfu kumi na mbili, hii elfu tatu na mia tano tu." Akapiga hesabu kwenye simu: umeme wa 107,000 kwa mwezi utashuka hadi 31,000, AC itajilipa kwa miezi 18. Namba nimezisoma kwa macho yangu, nikaamini.

Kumbe zote mbili ni nguvu ya kupoza, tena ni ileile. 12,000 ni BTU kwa saa, 3,500 ni wati. Ukigeuza BTU 12,000 kuwa wati unapata karibu 3,500. Ni kama muuza samaki wa Kirumba akwambie sangara wa kilo 3 na wa gramu 3,000 hawalingani.

Umeme unaoliwa uko mstari mwingine, umeandikwa Power Input. Yangu ilikuwa wati 1,250, yake 1,090. Tofauti ni wati 160. Kwa saa 8 kila usiku, hizo ni uniti 38 kwa mwezi. Kwangu uniti moja, kodi na tozo zikiwemo, ni kama shilingi 356, kwa hiyo naokoa 13,700 hivi. AC itajilipa baada ya miaka 8, na hapo nimehesabu kana kwamba kompresa haipumziki kabisa. Ikipumzika, akiba inapungua tena.

Na wala si inveta. Neno hilo ni stika ya kubandika, fundi wangu aliibandua kwa kucha. Inveta ya kweli chumba kikishapoa inapunguza mwendo taratibu. Hii inazima kabisa, kisha inashtuka na kuwaka upya, usiku kucha, na mama anaamka kila mara.

Akija kwako, asiguse pesa kabla ya kupima. Zima kila kitu ndani, acha AC peke yake, soma uniti kwenye LUKU, subiri saa moja, soma tena. Nilipopima hii aliyoniuzia, ilikula zaidi ya uniti moja. Mwenye mali halali hatakataa kusubiri saa moja.

AC yangu ya zamani aliondoka nayo, eti ni sehemu ya malipo. Risiti aliyoniachia ni ya mkono, haina TIN, na simu yake haipatikani. Kirikuu ni cheupe, hakina maandishi. Jumamosi jirani yangu alikiona Buhongwa, kimepakia tena.